Ebru Ceylan: Mpambaji Aliyeketi Ndani ya Chumba

Hotuba kwa wanafunzi wa filamu na maigizo, imeandikwa upya kwa ajili ya wasomaji

Shikamooni wazee wangu. Walimu, ndugu zangu wa fani, na ninyi vijana mliokaa hata kwenye ngazi kwa sababu viti vimejaa, asanteni kwa kuja.

Mwalimu aliyenialika alitaka nizungumzie kazi zangu za kupamba seti, yaani kuandaa vyumba na vitu vinavyoonekana kwenye filamu. Nilimwomba ruhusa nibadilishe mada, akakubali. Leo nataka niwaeleze habari za mwanamke wa Uturuki anayeitwa Ebru Ceylan. Herufi C ya Kituruki hutamkwa kama J yetu, kwa hiyo semeni "Jeilan". Maana yake ni paa, yule mnyama wa porini mwenye macho makubwa.

Najua wengi wenu Uturuki mmeijua kupitia sebule za nyumbani kwenu. Azam TV walipoleta tamthilia ya Sultan kwa sauti za Kiswahili, mama zetu walifunga biashara mapema ili wamwone Hürrem na Mfalme Suleiman. Tuliona hariri, vito, mapazia mazito na taa za kioo. Ile nayo ni kazi kubwa ya watu wa seti, naiheshimu sana. Lakini huyu ninayemzungumzia amefanya kazi upande mwingine kabisa, kwenye vyumba ambavyo hakuna kinachong'aa. Jikoni pana panya. Mlangoni kuna viatu vinanuka. Humo ndimo alimojengea jina.

Alizaliwa 1976. Ni mpiga picha, na mwaka 1998 alitengeneza filamu fupi iitwayo Kıyıda. Mwaka 2002 alisimamia sanaa katika filamu ya Uzak, na humo humo akaonekana mbele ya kamera katika nafasi ndogo ya msichana wa jengo anamoishi mhusika mkuu. Mwaka 2006 akashika nafasi kuu ya kike katika İklimler. Kuanzia Üç Maymun ya 2008 jina lake linaandikwa pia kwenye uandishi wa hadithi. Filamu hizi ndefu zote zimeongozwa na Nuri Bilge Ceylan, ambaye ni mumewe. Naona mara nyingi watu wakimtambulisha Ebru kwa kuanzia hapo, kisha wanaishia hapo hapo. Mimi nimelitaja, sasa nitashika kazi zake.

Kabla sijaingia Uzak, turudi nyuma kidogo, maana mtu mmoja kufanya kazi mbili au tatu katika filamu za Kituruki si jambo lililoanza kwake.

Istanbul, mtaa wa Beyoğlu, kuna njia ndogo inayoitwa Yeşilçam. Ofisi za watengenezaji filamu zilikuwa zimejazana pale, mpaka jina la njia likawa jina la sinema nzima ya Uturuki, kama sisi tunavyosema Bongo Movie. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 walikuwa wanatoa karibu filamu 300 kwa mwaka. Hebu fikirini kasi hiyo. Fedha zilitoka kwa wasambazaji wa mikoani, watu wa Adana, Izmir, Samsun na kwingineko, ambao walitoa malipo ya awali kabla filamu haijapigwa, na kwa sababu hiyo walikuwa na sauti juu ya nani aigize na hadithi iishe vipi. Malipo mengi yalikuwa ni karatasi za ahadi ya kulipa baadaye. Katika hali hiyo nani angejenga seti? Walikodi nyumba za watu. Waigizaji wa kike walikuja na nguo zao wenyewe kutoka nyumbani. Sauti ziliingizwa baadaye studio.

Mfano mmoja ninaoupenda: filamu ya vichekesho ya Hababam Sınıfı, ya 1975, aliyoiongoza Ertem Eğilmez, ambayo Waturuki wanaitazama mpaka leo. Ile shule ya bweni mnayoiona humo ni kasri la Adile Sultan, binti wa mfalme wa Kiosmani Mahmud wa Pili, lililoko Validebağ, upande wa Asia wa Istanbul. Kasri la binti mfalme limegeuzwa shule ya wanafunzi watukutu. Anayepamba mahali kama hapo kazi yake ya kwanza ni kuisahaulisha nyumba ilivyokuwa.

Na kuna filamu nyingine ya zamani, Sevmek Zamanı ya Metin Erksan, ya 1965, ambayo kila mtu wa seti angepaswa kuiona. Fundi wa kupaka rangi nyumba anaingia kwenye jumba la kitajiri kisiwani, anaona picha ya mwanamke imetundikwa ukutani, anaipenda. Anaipenda picha. Mwenye sura anapotokea mwenyewe, fundi anamkimbia, kwa sababu mapenzi yake ni kwa ile picha ya ukutani. Nilipoiona mara ya kwanza nilishika kichwa. Kitu ambacho sisi tunakitundika ili ukuta usiwe mtupu, pale kimebeba hadithi nzima.

Sasa Uzak. Neno lenyewe maana yake ni mbali.

Mahmut ni mpiga picha wa Istanbul, anaishi peke yake, anapiga picha za vigae kwa ajili ya kampuni. Ndugu yake wa kijijini, Yusuf, amepoteza kazi kiwandani, anakuja mjini kutafuta kazi melini, anafikia kwake. Basi. Wanaume wawili ndani ya nyumba moja, na theluji nje. Kikosi cha kupiga filamu kilikuwa kidogo sana, na nyumba waliyotumia ni nyumba ya mwongozaji mwenyewe.

Hapa ndipo vijana hunishangaa ninaposema hii ni kazi ngumu ya upambaji. Wananiuliza, dada, kama nyumba ni ya mtu na vitu ni vyake, mpambaji alifanya nini? Jamani, nyumba ya mtu halisi ndiyo ngumu kuliko zote. Nyumba halisi ina vitu vingi ambavyo havihusu. Ukiviacha, mtazamaji anapotea humo. Ukivitoa vyote, nyumba inakufa. Unatakiwa ukae nayo mpaka ujue kipi kinamhusu Mahmut na kipi ni mabaki tu ya wenye nyumba.

Tazameni viatu. Yusuf anavua viatu mlangoni kama sisi tunavyovua, mgeni mwenye adabu. Viatu vinanuka. Mahmut anavipulizia dawa na kuvificha kabatini. Hakuna aliyesema neno, lakini mtazamaji ameshajua nani mwenye nyumba na nani amevumiliwa tu. Kisha yuko panya wa jikoni, ambaye Mahmut amemtegea utepe wa gundi sakafuni. Usiku mmoja ananasa, analia, na kazi ya kumtoa inamwangukia mgeni. Kisha kuna saa ya mfukoni iliyopotea. Mahmut anamshuku Yusuf. Baadaye anaipata mwenyewe ndani ya boksi, na hamwambii. Anaiacha shutuma ikae pale pale, juu ya kichwa cha yule kijana. Mwishoni, Yusuf ameshaondoka bila kuaga, Mahmut anaketi kwenye benchi kando ya Bosphorus, mlangobahari unaopita katikati ya Istanbul, akivuta sigara ya bei rahisi kutoka kwenye pakiti aliyoiacha Yusuf, sigara ile ile aliyokuwa ameikataa kwa dharau.

Hesabuni: viatu, utepe wa gundi, saa, pakiti ya sigara. Vitu vinne ambavyo ukivipeleka sokoni hupati hela ya nauli. Filamu ile ilipata Tuzo Kuu (Grand Prix) ya tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka 2003, na tuzo ya mwigizaji bora wa kiume wakapewa wote wawili, Muzaffer Özdemir aliyekuwa Mahmut na Mehmet Emin Toprak aliyekuwa Yusuf. Toprak hakuiona. Alikuwa amefariki kwa ajali ya gari Desemba 2002. Özdemir, kwa taarifa yenu, ni msanifu majengo. Mimi naamini hilo linaonekana katika jinsi anavyosimama ndani ya ile nyumba: hagusi ukuta bila sababu.

Niwape kisa changu, halafu tuendelee. Miaka kadhaa iliyopita nilifanya kazi kwenye filamu moja hapa nyumbani. Hadithi ilikuwa ya mama mjane anayeuza vitumbua. Nyumba iliyokodiwa ilikuwa na vigae vyeupe na sofa ambalo nailoni yake haijatolewa. Niliomba siku moja tu nichakaze chumba. Nikanyimwa. Nikaleta kutoka kwangu jiko la mkaa, kikaangio cha vitumbua kilichoungua mgongo, na mkeka uliofumuka pembeni. Vikawekwa nje, kwa maelezo kwamba picha inatakiwa iwe safi. Yule dada aliyeigiza mjane, mwigizaji mzuri kabisa, alikaa kwenye ukingo wa sofa, mikono imeshikana magotini, akaniita pembeni. Akasema, "Dada, humu ndani sijui nikae vipi." Machozi yalinilenga. Alikuwa ameshika maneno yote kichwani, lakini mikono yake haikuwa na mahali pa kwenda. Angekuwa na kile kikaangio mbele yake, mikono ingejua.

Sauti ya yule dada ndiyo iliyonifanya nimtafute Ebru Ceylan, kwa sababu yeye ameshakaa pande zote mbili. Ameandaa chumba, na ameketi ndani ya chumba akisubiri kamera iwake.

İklimler, maana yake ni hali za hewa, au tuseme majira. Wanandoa wanaachana. Mume, İsa, ni mhadhiri, na ameigizwa na Nuri Bilge Ceylan mwenyewe. Mke anaitwa Bahar, ndiye Ebru. Sasa sikilizeni vizuri: Bahar kazi yake ni msimamizi wa sanaa katika tamthilia za televisheni. Mwanamke anayefanya kazi ya seti anaigiza mwanamke anayefanya kazi ya seti. Na jina Bahar, msidanganywe na masikio yenu mkasikia bahari. Hilo ni neno la Kiajemi lililoingia Kituruki, maana yake ni majira ya machipuko. Filamu inaanza kiangazi huko Kaş, pwani ya kusini, inapita vuli Istanbul, inaishia kipupwe Ağrı, mashariki kabisa, kwenye theluji inayofika magotini. Machipuko hayafiki. Yamebaki kwenye jina la mwanamke tu.

Mwanzo kabisa tunawaona kwenye magofu ya kale. Mume anapiga picha nguzo na mawe. Mke amekaa, anamtazama. Kamera inabaki usoni kwake muda mrefu sana, mpaka unaanza kuhisi aibu kwa kumwangalia. Hakuna tendo. Uso unabadilika polepole, kutoka kwenye uvumilivu mpaka kwenye chozi. Watu husema hapo haigizi, anakaa tu. Mimi nasema yule ni mtu aliyezoea kuangalia vitu kwa muda mrefu, akijiuliza kipi kikae na kipi kiondoke. Ameufanyia uso wake vile vile. Ametoa kila kilichozidi.

Lakini sehemu ninayowaombea muda ni ile ya Ağrı. Bahar amekwenda huko kwa kazi, wanapiga tamthilia kwenye theluji. İsa amemfuata, anataka warudiane. Wanazungumza ndani ya basi dogo la kikosi. Yeye anabembeleza, anasema amebadilika, na kila anapofika kwenye neno zito, mlango unafunguliwa: vijana wa kikosi wanapakia vifaa, wanaweka kitu, wanafunga. Unafunguliwa tena. Ananyamaza, anasubiri, anaanza upya. Amemletea zawadi, kisanduku cha muziki.

Mtu yeyote aliyewahi kufanya kazi ya seti amelia ndani ya gari la vifaa. Nasema kwa uzito. Ndiyo mahali pekee penye mlango. Na kila ukitaka kulia, mtu anakuja kuchukua stendi ya taa. Ile sehemu imeandikwa na kuigizwa na watu wanaoujua mlango ule. Uso wa Bahar hauna hasira. Ana uchovu wa kazi juu ya uchovu wa mapenzi, na anaigawa hiyo miwili kwa namna ambayo sijaona mwigizaji mwingine akifanya. Mara mlango ukifunguliwa, yeye ni bosi wa kitengo. Ukifungwa, ni mke aliyeachwa. Haya yote akiwa amekaa kwenye kiti kimoja.

Mwishoni tunamwona amesimama kwenye seti, kazini, theluji inaanguka, ndege inapita juu. Anainua macho. Sura yake inafifia ndani ya theluji.

Baada ya hapo amekuwa zaidi mtu wa kalamu, na hapa nitapita haraka isipokuwa mahali pamoja. Üç Maymun ya 2008, familia ya watu watatu kwenye nyumba nyembamba Yedikule, mtaa wa Istanbul, kando ya reli, treni zikipita dirishani. Humo alishika sanaa na pia aliandika, pamoja na mumewe na Ercan Kesal, daktari ambaye ni mwandishi na mwigizaji. Mnaona, tena mtu wa kazi mbili tatu. Kış Uykusu ilichukua Palme d'Or, tuzo ya juu kabisa ya Cannes, mwaka 2014, Ahlat Ağacı ikaja 2018. Zote ameziandika kwa ushirikiano.

Mahali pamoja ni Bir Zamanlar Anadolu'da, ya 2011. Polisi, mwendesha mashtaka na daktari wanazunguka usiku kucha mashambani na mtuhumiwa, wanatafuta mahali maiti ilipozikwa. Wanapumzika kwa mwenyekiti wa kijiji, aliyeigizwa na Kesal. Umeme unakatika. Wote wamekaa gizani, wamechoka, wananuka jasho. Kisha binti wa mwenye nyumba anaingia na sinia. Juu ya sinia kuna vikombe vidogo vya chai, na katikati taa ya mafuta. Anapita kwa mmoja mmoja, anainama, taa inamulika uso wake kutoka chini, na kila mwanaume anapoinua macho kuchukua chai anasahau kilichomleta. Mtuhumiwa mwenyewe analia.

Ninyi mnaokumbuka nyumba za bibi zetu, umeme ulipokatika na mtu akatoka jikoni na kandili, je, si mnajua hasa mwanga ule unavyokuja kabla ya mtu? Kwanza ukuta wa ukumbini, halafu mkono, halafu uso. Mwandishi ambaye hajawahi kupamba chumba angeandika: binti mzuri analeta chai. Huyu ameandika sinia, na taa ikae juu ya sinia, ili mwanga na chai vije kwa mkono mmoja. Filamu imeandikwa na watu watatu, lakini kila nikiiona ile taa nafikiri juu ya mtu aliyewahi kuuliza swali letu la kila siku: mwanga wa chumba hiki unatoka wapi, na nani ameushika?

Jambo moja lilinifurahisha nilipoanza kujifunza majina ya vitu vya Kituruki kwa ajili ya kuelewa kazi hizi. Sanduku wanaita sandık. Saa ni saat. Finjani ni fincan, mkumbuke ile C. Kitabu kitap, kalamu kalem, sabuni sabun. Sisi na wao tumechota kwenye kisima kimoja cha Kiarabu. Mpambaji wa Istanbul akiniandikia orodha ya vitu vya chumba, nusu yake nitaisoma bila mkalimani.

Sasa nimefika mwisho wa maneno yangu, imebaki picha. Nimeleta vipande viwili. Cha pili ni lile basi la Ağrı. Cha kwanza kinatoka kwenye Kuru Otlar Üstüne, ya 2023, ambayo pia Ebru ameshiriki kuiandika, na ambayo Merve Dizdar alishinda uigizaji bora wa kike Cannes. Mwalimu Samet yuko nyumbani kwa Nuray, usiku, mazungumzo yamekuwa mazito. Anasimama, anafungua mlango. Nyuma ya mlango hakuna ukumbi. Kuna studio: nyaya, taa, watu wa kikosi wamesimama, mgongo wa zile kuta za mbao. Anapita katikati yao, anakwenda msalani, anameza kidonge, anajiangalia kwenye kioo, anarudi, anafungua mlango ule ule, na chumba kiko pale pale, na mwanamke anamsubiri.

Nawaomba msimwangalie yeye. Angalieni ukuta anapoupita kwa nyuma, halafu angalieni ukuta huo huo anaporudi ndani. Kijana uliye karibu na swichi, tafadhali zima taa.